Neno Lililombakia Mwalimu Lidwina

Kwa miaka mingi, mtu aliyetaka kujengewa nyumba mtaani Mshangano alielekezwa kwa fundi Kajetani, na aliyemwelekeza hakukosa kuongeza, "Ukifika, ongea na mke wake." Hapakuwa na dharau katika maneno hayo. Kajetani alikuwa na kigugumizi tangu utotoni. Ukuta wake ulinyooka hata ukiutazama kwa jicho baya, lakini ukimuuliza ataanza msingi lini, angefumba macho, midomo ingetetemeka kwenye herufi ya kwanza, na wewe mwenyewe ungeanza kutazama pembeni kwa huruma. Hapo ndipo mke wake, mwalimu Lidwina, alipoingia.

"Jumatatu," angesema. "Jumatatu anaanza. Mchanga uwe umeshafika."

Kajetani angefumbua macho na kuitikia kwa kichwa, maana Jumatatu ndiyo hasa aliyokuwa akihangaika nayo.

Watu walishangaa alivyojua. Hakuwa akimkatiza mumewe. Alimwacha ahangaike kidogo, akaliona neno mahali lilipokwama, akalisogeza mbele. Siku ya ndoa yao, padri alipouliza swali na kanisa zima likasubiri, bibi harusi alimbana mwenzake kidole kimoja, kwa siri, mpaka "ndiyo" ikatoka. Hilo Kajetani alilisema mwenyewe. Mengine mengi, kwa serikali ya mtaa, kwa wauza saruji, hata kwa wakwe, alisemewa, na hakuona vibaya.

Lidwina alifundisha Kiswahili shule za msingi, kwanza huko kwao Namtumbo, kisha Bombambili, mpaka alipostaafu. Alipenda vitenzi kama wengine wanavyopenda nguo. Binti yao wa pekee, Pamela, alikulia katika kusahihishwa mezani.

"Mama, jua limetokea."

"Ajali ndiyo hutokea, Pamela. Jua linachimbuka."

Pamela alicheka sana, kwa sababu mtaa mzima hapakuwa na mtu aliyezungumza hivyo. Jua la Mshangano lilitoka, au lilichomoza, basi. Lakini mama yake hakujali. Aliposimama uani asubuhi akitazama milima ya Matogoro ikiwekwa wekundu kwa nyuma, alisema neno lake hilo kwa raha zake, akaingia ndani kuchemsha chai.

Baada ya kustaafu alipanda parachichi, miche ya kisasa iliyobebeshwa, mstari mmoja upande wa kushoto wa ua. Kajetani alichimba mashimo, akayajaza samadi na mifupa ya nguruwe iliyopondwa na magunia yaliyooza, kama bwana shamba alivyoelekeza. Lidwina ndiye aliyemwagilia, akapogoa, akagombana na mchwa. Pamela alikuwa ameshaolewa, anaishi Tunduru, karani wa chama cha wakulima wa korosho. Wazee walibaki wawili na miti yao.

Ilikuwa mwezi wa pili, mahindi yakitoa mbelewele. Kajetani alikuwa anaziba ufa kwenye banda la nguruwe aliposikia beseni limeanguka shambani. Aliangalia juu ya ukuta. Lidwina alikuwa ameketi kwenye tope katikati ya maharage, ameegemea upande mmoja kama gunia lililowekwa vibaya. Alimkimbilia. Nusu ya uso wa mkewe ilikuwa imeshuka. Alimtazama mumewe, akafungua mdomo, na Kajetani, kwa mazoea ya maisha yake yote, akasubiri aambiwe la kufanya.

Halikuja neno.

Akageuka kuwaita majirani. Alitaka kusema "Njooni!" Neno likashika kwenye herufi ya kwanza, likagoma. Alijaribu tena, mishipa ya shingo ikamtoka. Mwisho aliokota chepe, akakimbilia banda, akaanza kuligonga bati kwa nguvu, akaligonga na kuligonga mpaka watu wakaanza kutokeza kwenye njia, wengine wakidhani ni mwizi.

Hospitalini walisema ni kiharusi. Mkono na mguu wa kulia vilikuwa vimelala. Pamela alifika na basi la kutoka Tunduru, akawa anabadilishana na baba yake kukaa kando ya kitanda. Siku zikapita mama hatoi sauti yoyote. Kisha asubuhi moja muuguzi aliposogeza pazia, mwanga ukaingia, na Lidwina akasema, waziwazi kabisa, kwa sauti ya darasani:

"Chimbuka."

Kajetani aliinua mikono akalia kwa furaha. Pamela alipiga magoti. "Mama! Mama, unanisikia? Mimi nani?"

"Chimbuka."

"Mimi Pamela, mama. Unataka maji?"

"Chimbuka," alisema Lidwina, na safari hii alikunja uso, kana kwamba kuna mtu mwingine aliyejibu badala yake.

Mpaka saa ya chakula cha mchana furaha ilikuwa imekwisha. Jina lake aliloulizwa lilikuwa chimbuka. Maumivu yalikuwa chimbuka. Alipotaka kugeuzwa alisema chimbuka, na alipogeuzwa upande asioutaka alisema chimbuka kwa ukali.

Muuguzi aliyeitwa Esteria aliwaita pembeni baba na binti. Alizungumza taratibu, kwa heshima. "Baba, ugonjwa umepiga sehemu ya ubongo inayotunza maneno. Akili anayo. Anawajua, anaelewa mengi mnayosema. Ila akitafuta neno halipati, na limebaki hilo moja, kwa hiyo kila anachotaka kukisema kinatoka kwa hilo hilo. Msihangaike na neno. Msikilizeni sauti, mtazameni macho na mkono." Akaongeza kwamba mgonjwa angependelea kutazama upande wa kushoto, na hilo nalo ni ugonjwa, wasishangae.

Kajetani aliitikia kwa kichwa. Lakini moyoni hakukubali. Mwanamke aliyekuwa na maneno yote yale, abakiwe na moja tu, tena adimu, tena la kwake, halafu liwe halina maana? Alihisi ni ufunguo ameachiwa, na kwamba yeye ndiye mjinga asiyejua mlango wake.

Likizo ya Pamela ilikwisha, akarudi kazini akilia. Lidwina alirudishwa nyumbani kwa bajaji. Kajetani alimwekea kiti chenye mikono barazani, akakizungushia mito. Jirani mmoja alimsaidia kumwogesha. Mengine alifanya mwenyewe, kwa mikono iliyozoea matofali, na mara nyingi alimwumiza bila kutaka.

Mwalimu Sixbert alikuja kumwona mgonjwa. Walikuwa wamefundisha pamoja Bombambili, na kwa miaka walibishana kila siku kwenye chumba cha walimu kama watoto wa mama mmoja. Alikaa, akashika mkono wa Lidwina, akasema, "Shikamoo mwalimu." Lidwina akamwambia chimbuka, akatabasamu kwa upande mmoja. Sixbert alitoka nje haraka, akasimama karibu na banda la nguruwe akijifuta macho.

Kajetani alimfuata. Alitaka kuuliza maana ya neno lile, ila "ch" ilikuwa moja ya herufi zilizomtesa zaidi. Alijaribu, akashindwa, akaonyesha mdomo wake, kisha akaonyesha barazani. Sixbert akaelewa.

"Hilo neno tulilizozania mimi na yeye," alisema. "Mimi nilisema ni la vitabuni, halina kazi darasa la tano. Akaniambia nitaje jingine la kuziba nafasi yake. Nikasema kuzuka. Akasema, uongo ndio huzuka, kitu kisichokuwapo kinazuka. Nikasema kuibuka. Akasema, anayeibuka ni yule aliyezama. Kuchipuka? Hiyo ni mbegu, au jani. Kuchomoza? Msumari unachomoza kwenye kiatu, kichwa tu kinaonekana. Akasema, kinachochimbuka ni kile kilichokuwa ndani muda wote, kimekamilika, ila hatukioni. Maji ya chemchemi. Jua. Siri pia, jambo lililofichwa. Halafu tunasema mto Ruvuma unachimbuka Matogoro, maana yake ndiko unakoanzia, ndiko asili yake. Hata mtu, ukoo wake ulikochimbukia. Alinishinda siku ile. Tangu hapo nikawa nalifundisha."

Sixbert alipoondoka, Kajetani alirudi barazani na maana hizo kichwani kama fundi aliyepewa vipande vya ramani. Akaanza na jua.

Kesho yake, kabla hapajapambazuka vizuri, alimbeba mkewe mpaka uani, akamgeuzia Matogoro. Jua lilipochomoza nyuma ya mlima Lidwina alisema "chimbuka," polepole, na uso wake ulilainika. Kajetani aliona amepata. Asubuhi iliyofuata alimbeba tena. Kulikuwa na ukungu na manyunyu, na Lidwina alimpiga kifuani kwa mkono wake mzima, "Chimbuka! Chimbuka!" mpaka akarudishwa kitandani, anatetemeka kwa baridi. Alipata mafua mabaya baada ya hapo.

Akaja kwenye maji. Hospitalini walikuwa wamemwonya asimpe maji matupu, ampe vitu vizito kama uji, kwa kijiko. Siku ile alisahau, au tamaa ya kuelewa ilimsahaulisha. Aliposikia "chimbuka" alichota kikombe kwenye mtungi akampa. Lidwina alipaliwa. Maji yakamrudi puani, macho yakamtoka, uso ukageuka rangi, na Kajetani akamwinamisha na kumpiga mgongo huku akijaribu kusema "samahani" na neno lenyewe likimkwama kooni. Alipopata pumzi, Lidwina aliegemeza kichwa tumboni kwa mumewe, akalisema neno lake mara moja, kwa uchovu.

Ikabaki asili. Labda, aliwaza, anataka kwao. Labda anataka kuwaona ndugu kabla ya lolote. Kwenye simu kigugumizi chake kilizidi, hivyo alimwomba Pamela, kwa vipande vipande, ampigie mjomba wake. Pamela akampigia. Hivyo ndivyo Thadei alivyofika.

Thadei alikuwa mdogo wake Lidwina, mkulima wa tumbaku Namtumbo. Lidwina ndiye aliyemlea baada ya mama yao kufa, akamsomesha kadiri alivyoweza. Alishuka kwenye pikipiki barazani, akamwona dada yake kwenye mito, akaanguka miguuni pake kama mtoto. "Dada yangu. Dada, nani amekufanyia hivi?"

"Chimbuka," alisema Lidwina, akimpapasa kichwa.

Thadei aliinua uso. "Anasema nini?"

Majirani wakamweleza kwamba ndilo neno pekee analosema, usiku na mchana. Thadei alisimama, akabaki akilirudia mdomoni. Siku hiyo hakusema zaidi. Aliondoka, na baada ya siku chache alirudi akiwa na mzee mmoja mwenye koti la mvua, aliyetambulishwa kama mtaalamu, na vijana wa ukoo wenye majembe. Kina mama wa jumuiya walikuwapo, wamekuja kusali rozari na mgonjwa.

"Shemeji," Thadei alisema, kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuamua, "dada yangu ni mwalimu. Hasemi ovyo. Chimbuka. Kuna kitu kimefukiwa kwenye ua huu, ndicho kimemfunga, na yeye anatuambia kitoke. Sisi tu ndio viziwi."

Mzee wa koti hakuongea mengi. Aliuliza, "Mgonjwa anatazama wapi siku zote?"

Watu wote wakageuza shingo kufuata macho ya Lidwina. Alikuwa anatazama kushoto, kama muuguzi alivyosema angefanya. Kushoto kulikuwa na parachichi.

Kajetani alitaka kuwaambia kwamba muuguzi alilieleza jambo hilo, kwamba macho yale ni ugonjwa, kwamba neno lile ni ugonjwa. "M-m-m..." alianza. "Mu-m-m-m..."

Watu walisubiri. Walimsubiri kwa wema, hakuna aliyecheka. Lakini mtu aliyezoea kulisogeza neno lake alikuwa kwenye mito, na aliyejitolea kulimalizia alikuwa Thadei.

"Miti," alisema Thadei. "Mmesikia? Hata shemeji anasema ni kwenye miti."

Kajetani alitikisa kichwa kukataa, lakini walikuwa wameshageuka. Kijana mmoja alimwuliza, "Fundi, sururu unaweka wapi? Majembe haya hayatoshi, ardhi ngumu." Na mkono wa Kajetani, uliozoea kuazimisha vifaa kwa jirani yeyote, ukaonyesha stoo wenyewe. Baadaye hilo ndilo lililomwia gumu kujisamehe kuliko yote.

Walianza na mti wa kwanza. Sururu iliposhuka na mzizi ukalia, Lidwina aliinuka kidogo kwenye mito. "Chimbuka!"

"Tunachimba, dada!" Thadei aliitikia, machozi yakimtoka. "Vumilia!"

"Chimbuka! Chimbuka!"

Kadiri alivyopiga kelele ndivyo walivyochimba. Aliinua mkono wa kushoto akaupunga mbele yake, akisukuma hewa, na mzee wa koti akasema, "Anaonyesha, ongezeni upande ule." Kina mama waliinua sauti za rozari. Mti wa kwanza ukalala. Chini yake hapakuwa na kitu. Wa pili ukafuata, na hapo jembe likatoa kipande cha gunia kilichooza kikiwa kimeshikamana na mfupa. Watu wakapiga yowe. Mzee alikifunga kwenye kitambaa cheusi bila kukishika kwa mkono, akasema kingine kiko karibu.

Kajetani alikijua kile kipande cha gunia. Alikiweka mwenyewe, siku ya kupanda miti, pamoja na samadi. Alijaribu kusema "samadi." Alijaribu "mimi." Alijaribu kuanza na neno lolote, hata lisilo na maana, ili mdomo ufunguke. Ulikuwa umefungwa kama mlango uliovimba kwa mvua.

Alimtazama mkewe. Lidwina hakuwa anatazama miti tena. Alikuwa amejilazimisha kugeuza macho, kwa kazi iliyomkunja uso mzima, mpaka yakamfikia yeye. "Chimbuka," alimwambia. Hakupiga kelele. Alisema kama alivyokuwa akisema zamani, mbele ya watu, "Baba Pamela, sema basi." Na ndipo Kajetani alipoelewa, bila kamusi na bila Sixbert, kwamba tangu sururu ya kwanza alichokuwa analia mkewe ni kwamba waache.

Vijana walikuwa wameshaanza kuchimba kulizunguka shina la mti wa tatu. Kajetani alitembea katikati yao, akashuka kwenye shimo, akaketi. Akalikumbatia shina kwa mikono yote miwili na kuweka shavu kwenye gome.

"Shemeji, toka," alisema Thadei.

Hakutoka.

"Shemeji, unataka dada yangu afe?"

Kajetani alifumba macho. Udongo ulimwingia kwenye kola. Alisikia wanabishana, akasikia mtu akimshika bega kisha akaliachia, akasikia kina mama wakinyamaza mmoja mmoja. Aliendelea kukaa hata baada ya kusikia pikipiki iliyomleta mzee wa koti ikiwashwa. Alipofumbua macho Thadei alikuwa amesimama juu yake, sururu mkononi, uso umejaa tope na machozi.

"Nimekuja kumwokoa dada yangu," alisema. "Wewe umezuia. Akibaki hivi, ni juu yako." Akaiegemeza sururu ukutani, taratibu, kama mgeni mwenye adabu, akaenda zake.

Hakurudi. Anampigia Pamela simu, anamwuliza dada anaendeleaje, lakini Kajetani hamtaji. Na mtaani maneno hayakuchelewa. Kama kulikuwa hakuna kitu, watu waliulizana, kwa nini mume alilala kwenye shimo? Alikuwa anaficha nini? Wateja wawili waliokuwa wameshakubaliana naye walitafuta mafundi wengine. Kina mama wa jumuiya waliendelea kuja, lakini wachache, na walikaa karibu na mlango. Kajetani angeweza kuyaondoa yote kwa sentensi tatu. Hizo tatu hakuwa nazo, na aliyekuwa nazo alikuwa anasema neno moja.

Alirudisha miti miwili ndani ya mashimo yake, akaishindilia, akaifunga kwa miti ya kuegemeza, akaimwagilia. Majani yalikauka hata hivyo. Wa tatu ulipukutisha upande mmoja ukabaki.

Jumapili moja baada ya misa, wanakwaya walikuja kumwimbia mwenzao. Lidwina alikuwa sauti ya pili kwa miaka mingi. Suzana, mwalimu wa kwaya, aliwapanga barazani, akainua mkono, wakaanza wimbo wa zamani ambao kila mtu parokiani anaujua. Kwenye mstari wa pili sauti moja iliongezeka. Ilikuwa nyembamba na yenye kutetemeka, lakini ilishika noti zake. Watu wakatazama. Lidwina alikuwa anaimba. Alikuwa anaimba maneno, yote, moja baada ya jingine, hakuruka hata moja.

Suzana alilia akiendelea kuongoza. Wakamaliza beti zote, wakazirudia kwa hofu ya kuacha. Wimbo ulipokwisha alimkumbatia. "Amepona! Lidwina, mama, sema jina langu. Sema Suzana."

Lidwina alikuwa bado anatabasamu. Alivuta pumzi. "Chimbuka," alisema.

Alijisikia mwenyewe. Wote walimwona anajisikia. Tabasamu lilibaki usoni kidogo likiwa halina mwenyewe, kisha akaweka mkono wa kushoto mdomoni na kuufunika, kama mtoto aliyetoa tusi mbele ya wageni. Mpaka siku hiyo Kajetani alikuwa na faraja moja, kwamba pengine mkewe hasikii anachosema, kwamba ndani ya kichwa chake anajiona anaongea kama kawaida. Faraja hiyo nayo ikaondoka na wanakwaya.

Alipomsimulia muuguzi Esteria, kwa shida, siku ya kliniki, Esteria alisema wimbo hukaa mahali pengine kwenye ubongo, hutoka mzima mzima kama ulivyoingia. Wajaribu kuimba pamoja, hata kuyaimba mambo ya nyumbani, wengine husaidika. Walijaribu. Kajetani mwenyewe hakushikwa na kigugumizi alipoimba, hakuwahi kushikwa nacho katika nyimbo za kanisani. Alimwimbia, "Unataka uji au unataka chai," kwa tuni ya wimbo wa Kwaresima, na Lidwina alimtazama kwa mshangao, akacheka mpaka mate yakamtoka, akajibu kwa tuni hiyo hiyo, vizuri sana: chimbuka, chimbuka, chimbuka. Hivyo wakaacha. Sasa jioni huimba nyimbo za kitabuni tu. Mpita njia akiwasikia hudhani ni wazee wawili wasio na shida ya mdomo. Huimba maneno mengi, mazuri, na hakuna hata moja ambalo ni lao.

Kuna vitu Kajetani amejifunza. Anajua chimbuka ya choo, maana huja fupi na haraka. Anajua ya mto uliosogea, na ya Pamela akichelewa kupiga simu. Yapo mengi zaidi asiyoyajua. Kuna moja ambayo huja alasiri, na Lidwina huirudia kwa subira, akigonga kidole kwenye mkono wa kiti, na Kajetani huleta shuka, huleta redio, huleta picha ya mama mkwe, huleta rozari, hufungua dirisha, hulifunga. Kila kimoja Lidwina hukitazama na kutikisa kichwa. Mwisho huchoka, humpigapiga mkono kama anayesema si neno. Ni jambo gani, hajui mpaka leo.

Wiki iliyopita Kajetani alikuwa ameketi chini barazani akipukuchua mahindi ya mbegu. Mvua ilikuwa imekatika. Lidwina alikuwa kwenye kiti chake, kanga begani, na ghafla akaanza. Haikuwa chimbuka moja. Zilikuwa nyingi, zimefuatana, zinapanda na kushuka. Alishusha sauti kama anayeingiza mtu mpya kwenye kisa, akaipandisha, akamwigiza mtu fulani anayesemea puani, akasimama pale panapostahili kusimama. Kisha akamalizia kwa moja ndogo, ya pembeni, na akaangua kicheko.

Kajetani alicheka naye. Alicheka kwa sauti, punje za mahindi zikimdondoka kiganjani.

Lidwina alikatisha kicheko akamtazama. Aliona kwamba hakuelewa. Alimtazama kwa muda, na uso wake ulikuwa mpole, hauna kinyongo. Halafu akajiweka sawa kwenye mito, akavuta kanga, na akaendelea na kisa chake, kwa sababu kilikuwa hakijaisha. Kajetani aliweka gunzi chini, akageuza uso kwake, akasikiliza mpaka mwisho.